Sange, Mtani wa Kifaru

Hapo zamani za kale, kale ile ya wanyama kujenga nyumba, kupika, kuoana na kuzikana kama sisi, palikuwa na Sange mmoja chini ya mlima Kimbwela. Sange mnamjua? Msinidanganye! Ni mnyama mdogo, paka anamzidi. Ana vijiguu vyembamba, na pua, wajukuu zangu, pua hiyo ndefu haitulii hata akiwa amelala. Akipandwa na furaha au hasira huipiga ardhi kwa miguu: tu-tu-tu-tu-tu!

Huyu wetu alikuwa mjane mwenye watoto watatu. Majirani walimwita Bi Sange, na mdomo wake haukuwa na kufuli. Mwaka huo, hata hivyo, alikuwa ameufunga. Wote chini ya Kimbwela walikuwa wameifunga midomo yao, kwa sababu ya Kifaru.

Kifaru huyo aliitwa Magongo. Ndiye aliyekalia kigoda cha uchifu. Ukame ulipoingia na mto kukauka, ilibaki chemchemi moja tu, ndogo lakini haikatiki. Basi Magongo alifanyaje? Aliizungushia boma la miiba, akamweka Nyati mlangoni, halafu yeye mwenyewe akaingia ndani kugaagaa. Maji ya kunywa ya nchi nzima, bwana mkubwa anafanya tope la kuogea!

"Na sisi je, Mkubwa?" wanyonge walimwuliza siku ya kwanza.

"Nyie?" Magongo akakoroma, fffuuuh! "Nyie mtakuja asubuhi kunisugua mgongo. Matone yatakayodondoka ubavuni mwangu ni yenu. Rambeni. Halafu mseme asante. Mila ni mila! Asiyeshukuru hapati hata tone."

Ikawa hivyo. Kila asubuhi Pimbi, Digidigi, Nguchiro, Kindi na Bi Sange walimsugua Magongo mgongo, kwacha kwacha kwacha, kisha wakakinga ndimi chini ya tumbo lake. "Asante kwa matone, Mkubwa." Tope lilikuwa chungu, lina nywele. Aliyechelewa kusema asante alikanyagwa, kama alivyokanyagwa mguu Digidigi, akawa anachechemea hadi mwisho wa maisha yake.

Bi Sange alikuwa akiyabeba matone yake mdomoni bila kuyameza, mbio hadi nyumbani, kuwatemea wanawe. Lakini matone hayakutosha. Kitinda mimba wake, Kinyunya, alikuwa ameacha kucheza, akaacha kulia, sasa amelala tu na ulimi mkavu.

"Mama, maji," alinong'ona.

"Yanakuja, mwanangu."

"Lini?"

Bi Sange aliinuka. Akatoka nje akaipiga ardhi, tu-tu-tu-tu, kwa hasira mpaka vumbi likapanda. Alijua kabisa kwamba bila maji mtoto huyu hamalizi siku tatu.

Sasa sikilizeni. Asubuhi ileile ngoma ya msiba ikalia. Ndu! Ndu! Ndu! Mama yake Magongo amefariki, bibi kizee wa watu, hakuwa na neno na mtu. Wajomba wa Magongo wakafika kutoka ng'ambo ya mlima, vifaru saba wazito, wakiongozwa na mkubwa wao, Mjomba Lugendo, mzee ambaye hata Magongo humwinamia.

Wanyonge waliamriwa kuhudumia wageni. Bi Sange akapewa kazi ya kufagia, maana jamaa za Sange hakuna anayewashinda kwa kufagia njia. Akafagia, faa faa faa, pua yake ikicheza, macho yake yakihesabu waliokaa kwenye majamvi. Alitazama kulia, akatazama kushoto. Kuna kitu hakipo! Moyo wake ukaruka.

Akafagia mpaka miguuni pa Mjomba Lugendo.

"Shikamoo, babu. Poleni na msiba."

"Marahaba, mjukuu wangu. Tumeshapoa."

"Samahani babu, mimi mjinga tu, nauliza. Watani wamekaa upande gani, niwapelekee jamvi?"

Mjomba Lugendo akainua kichwa. Akatazama huku na huku. "Eh! Kweli. Watani wako wapi?"

Mnawajua watani, nyie? Siyo marafiki wa mzaha tu. Ukoo una watani wake tangu mababu, na msibani hao ndio wenye kazi. Wanachimba kaburi. Wanawatania wafiwa mpaka walie na kucheka kwa pamoja. Wanamwigiza huyu, wanamsema yule, wakitaka kitu wanakikalia mpaka wapewe, na hakuna ruhusa ya kuwakasirikia. Chini ya Kimbwela, mfiwa aliyemkasirikia mtani mbele ya kaburi alihesabiwa amemzika mzazi wake kwa ghadhabu, na wajomba walimvua kigoda hapohapo.

Watani wa vifaru walikuwa viboko. Na viboko, Magongo alikuwa amewanyima maji, wakahama wote na hasira zao.

"Magongo!" Mjomba Lugendo akanguruma. "Watani wa dada yangu wako wapi?"

"Wa... wamesafiri, Mjomba."

"Wote?"

"Wote."

Minong'ono ikapita kwenye majamvi, shwi shwi shwi. Msiba gani huu? Bibi mzima azikwe kimya kimya? Magongo akaanza kutoka jasho. Yeye ambaye kila siku anapiga kelele mila ni mila, leo anaumbuka mbele ya wajomba!

"Mtani anaweza kupatikana," alisema Mjomba Lugendo polepole. "Ukimkubali mtu mbele ya maiti, ukatamka mara tatu, huyo ni mtani wako, yeye na ukoo wake wote, wao na wajukuu wao. Tafuta. Jua halitungoji."

Magongo akawageukia wanyonge. "Haya! Nani anataka kuwa mtani wangu?"

Pimbi alijificha nyuma ya Nguchiro, Nguchiro nyuma ya Kindi, na Kindi nyuma ya mkia wake mwenyewe. Nani amtanie Magongo, aliyevunja mguu wa Digidigi kwa kukosa asante?

"Wewe mwenye fagio!" alifoka Magongo.

"Mimi?" Bi Sange akaangusha fagio, pwaa! Akatetemeka mwili mzima, na nusu ya kutetemeka huko ilikuwa ya kweli. "La, la, Mkubwa! Mimi mjane, nina watoto. Utanikasirikia."

"Sitakasirika!"

"Hivi tu umeshakasirika."

Mjomba mmoja akaguna, hmm! kama mtu anayezuia kicheko. Magongo akameza mate. Alimtazama Sange: kitu chenyewe hiki, kijipua na vijiguu, kitamwambia nini cha kumwuma? Afadhali hiki kuliko mwingine.

"Ninakukubali uwe mtani wangu," akasema. "Sitakasirika."

"Sijasikia vizuri, Mkubwa. Masikio yana vumbi."

"Ninakukubali uwe mtani wangu! Sitakasirika!"

"Hiyo ni ya pili, au ile ya kwanza umeirudia?"

"YA PILI! Na hii ya tatu: nakukubali, na ukoo wako wote, na sitakasirika!"

"Tumesikia," alisema Mjomba Lugendo. "Mtani, fanya kazi yako."

Basi Bi Sange akasimama katikati ya wageni. Alimwona Pimbi akimkonyeza: toka, toka, utauawa! Alikuwa bado anaweza kuokota fagio lake akanyamaza. Akamkumbuka Kinyunya kwenye jamvi nyumbani, na mdomo wake ukafunguka.

Magongo wakati huo alikuwa amejikalisha kando ya maiti, ameanza kulia kwa sauti, machozi yanamtiririka, maana mama ni mama hata kwa jitu kama lile. Bi Sange akamkimbilia, akatazama machozi, akapiga yowe:

"Jamaniiii! Leteni vibuyu! Kingeni, kingeni! Leo Magongo ametoa maji bila kusuguliwa mgongo!"

Kimya kikaanguka, zii! Hata nzi walitulia. Digidigi alifumba macho asione mwenzake anavyokanyagwa.

Halafu, kutoka nyuma, sauti ndogo ikaponyoka: "Kwi!" Ilikuwa ya Pimbi. Alijiziba mdomo kwa mikono miwili, lakini wapi, kicheko kilimtokea puani. "Kwi! Kwi-kwi-kwi!" Nguchiro akaangua, Kindi akaangua. Mjomba Lugendo akainamisha kichwa, mabega yakamcheza, kisha: "HO! HO! HO! Amekupata, mpwa wangu!"

Magongo akatazama wajomba. Akacheka na yeye, meno nje, macho makavu. "He. He. Mtani huyu ana vituko."

"Bado!" Bi Sange akavunja mwiba mrefu, akaubandika kwenye pua yake kwa ulimbo, akaanza kutembea ametanua miguu, tumbo mbele. "Fffuuuh! Mimi Magongo! Mila ni mila! Nisugue! Nirambe! Sema asante! We Digidigi, mguu wako unafanya nini chini ya mguu wangu? Asante iko wapi?"

Loo! Walicheka mpaka wakalala chini. Digidigi mwenyewe alicheka huku analia, maana lile aliloogopa kulisema hata kwa mkewe, leo limesemwa mchana mbele ya vifaru saba. Mjomba Lugendo hata hivyo aliacha kucheka katikati.

"Kurambwa?" aliuliza. "Nani anarambwa?"

"Utani tu, Mjomba, utani!" Magongo akadakia haraka. "Twendeni tukazike."

Wakaenda. Kaburi lilikuwa limechimbwa vizuri na nguchiro, refu na la kina. Maiti ikabebwa, nyimbo zikapandishwa. Waliposema sasa ishushwe, chwi! Bi Sange akaruka akaingia kaburini, akajinyoosha chali, akafunga macho.

"Kaburi limejaa!" akapaza sauti kutoka ndani. "Tafuteni jingine!"

"Ahaa!" wajomba wakashangilia. "Mtani amelala! Mfiwa, mtoe mtani!"

Magongo akasogea ukingoni. Hili alilijua, lipo katika kila msiba. Unampa mtani kitu, anatoka. "Haya, unataka nini? Nitakupa kapu la mihogo."

"Mihogo mikavu inanikwama. Sina mate."

"Makapu mawili na jamvi jipya."

"Nimelala pazuri, udongo una ubaridi."

Magongo akainama karibu zaidi, akanong'ona wajomba wasisikie: "Kibuyu cha maji. Kimoja, kimejaa. Maji safi, ya kutoka kwenye jicho la chemchemi. Toka."

Bi Sange alifungua macho. Wajukuu zangu, msimcheke. Kibuyu kizima! Aliyaona maji yale kabisa, aliona Kinyunya akinywa hadi tumbo linavimba. Angeweza kusema ndiyo, akatoka, akakimbia nyumbani, na wanawe wakapona. Miguu yake ilitaka kuinuka yenyewe.

Lakini akawaona wenzake wamejipanga ukingoni mwa kaburi, wamemwinamia, midomo imepasuka. Akayafikiri ya keshokutwa pia, kibuyu kikiisha. Kurudi kuramba!

"Magongo," akasema kwa sauti ambayo kila mtu aliisikia, "kibuyu kimoja nitakunywa leo, kesho nitakufa na kiu na aibu. Nataka chemchemi. Boma ling'olewe, Nyati atoke mlangoni, kila mwenye kiu anywe. Bila hivyo mama hashuki."

"NINI?"

Magongo akapiga mguu chini, ndi! Udongo ukaporomoka kaburini. Akainamisha pembe. Pumzi yake ya moto ikamfikia Bi Sange usoni, naye mle ndani hana pa kukimbilia. Nyati akasogea kumshika. Bi Sange akasikia moyo wake unapiga kwa nguvu kuliko miguu yake ilivyowahi kupiga.

Chubwi! Kitu kikamwangukia tumboni. Pimbi!

"Na mimi mtani!" Pimbi alipiga kelele, macho yamemtoka kwa woga. "Mke wangu amezaliwa ukoo wa Sange! Mkubwa alisema ukoo wote!"

"Na mimi! Shangazi yangu aliolewa kwa akina Sange!" Nguchiro akaruka, na nguchiro wenzake kumi na wawili nyuma yake, pu! pu! pu!

"Mimi nilinyonya ziwa moja na binamu yake!" Hiyo ilikuwa ya Kindi, na ilikuwa uwongo mtupu.

Digidigi akaja akichechemea. Alisimama ukingoni, akamtazama Magongo usoni, kitu ambacho hakuna aliyewahi kukifanya. "Mimi sina undugu na Sange," akasema. "Lakini mguu huu unao." Akajitupa ndani.

Kaburi likajaa kweli! Mikia, masikio, pua, vicheko, vilio, kila mtu amemkalia mwenzake, na wote wanaimba: "Hatutoki! Hatutoki! Mama hashuki, hatutoki!"

"Watoe!" Magongo alimfokea Nyati. "Watoe mmoja mmoja!"

Nyati hakusogea. Alikuwa amegeuka kando, mgongo unamtikisika. Mlinzi mwenyewe anacheka! Na yeye, kumbe, kwa miezi yote ile alilinda maji ambayo alipewa kunywa mara moja tu kwa siku.

"Magongo," aliita Mjomba Lugendo. Hakucheka tena. "Uliapa mara ngapi?"

"Mjomba, huu si utani, huu ni uasi!"

"Nakuuliza, mara ngapi?"

"...Tatu."

"Na sasa umekasirika?"

Wajomba sita waliobaki wakasimama kutoka kwenye majamvi. Mmoja alikuwa ameshakishika kile kigoda cha uchifu. Magongo akakitazama kigoda, akaitazama maiti ya mama yake, akautazama mwiba ule ambao bado umeganda kwenye pua ya Sange. Mishipa ya shingo ilimsimama kama kamba.

"Si... sijakasirika," akasema.

"Basi cheka."

"He," alisema Magongo. "He, he. Haya. Boma ling'olewe. Nimesema. Tokeni."

Pimbi akaanza kuinuka. Bi Sange akamvuta mkono. "Kaa! Maneno hayanywewi. Mtani, nenda kang'oe mwenyewe. Sisi tunasubiri humu humu."

Basi jitu lile likaenda, wajomba wote wakilisindikiza. Likaingiza pembe kwenye miiba. Kwararaa! Kwararaa! Boma likaanguka, miiba ikamchoma uso na mabega, wala hapakuwa na wa kumsugua. Akapiga teke ukingo wa tope aliokuwa ameujenga kuzuia maji, na maji yakapata njia. Chuuu! Yakashuka mtoni, yakapita kwenye changarawe kavu, chururu chururu, hadi wale walioko kaburini wakayasikia.

Hamjawahi kuona kaburi likimwaga watu kwa kasi ile! Bi Sange alitangulia. Alijaza kibuyu, akakimbia nacho bila kunywa, tone halikumdondoka. Akamwinua Kinyunya, akamnywesha kidogo, akangoja, akamnywesha tena. Mtoto akakohoa, akafungua macho.

"Mama, haya mbona hayana nywele?"

Bi Sange akalia pale pale. Alilia kwa nguvu, wala hakuona haya.

Kisha wote wakarudi wakamzika bibi wa watu kwa heshima zote, wakamwimbia, wakamlilia kweli, maana yeye hakuwakosea.

Mnadhani imeisha? Ngojeni. Siku ya nne matanga yakaanuliwa, wajomba wakarudi kwao. Hawajapotelea nyuma ya mlima, huyo Magongo anakuja! Ndi! Ndi! Ndi! Pembe chini, vumbi juu.

"Mchezo umekwisha!" akanguruma. "Wajomba wameondoka! Ondokeni kwenye maji yangu! Nyati, rudisha miiba!"

Nyati alikuwa anakunywa. Akainua kichwa, maji yanamdondoka kidevuni, akasema, "Rudisha wewe, Mkubwa, mimi bado nina kiu," kisha akainama akaendelea.

Magongo akawakimbilia wale wadogo. Siku zote alipowakimbilia walitawanyika, paa! kila mmoja shimo lake. Safari hii Pimbi alitetemeka, lakini alisimama. Digidigi alisimama kwa miguu yake mitatu na nusu. Nguchiro kumi na watatu walisimama. Magongo alikuja, akaja, akaja, na walipokuwa hawaondoki, miguu yake mwenyewe ikaanza kupunguza mwendo. Alifika akasimama kwapu! pumzi juu juu, mbele ya pua ya Bi Sange.

Hakujua afanye nini. Hakuwahi kufika mwisho wa mbio zake akakuta watu.

"Karibu, mtani," alisema Bi Sange. "Umekuja na kibuyu, au tukukingie machozi?"

Wakamcheka. Mlima wote ukacheka, na Magongo akasimama katikati ya kicheko kile mpaka masikio yake yakalala. Mwishowe akauliza kwa sauti ndogo, ambayo hakuna aliyejua kwamba anayo: "Naweza kunywa?"

"Maji ni ya wote," alisema Bi Sange. "Foleni inaanzia kule, nyuma ya Kinyunya."

Akaenda akapanga foleni.

Nami sina zaidi ya hilo, wajukuu zangu, ila hili moja mlishike: mwonevu hushiba woga wa wale anaowaonea, nao wakiacha kumkimbia, hana tena cha kula.